Siku 90 za uchaguzi mdogo: mwongozo wa anayetaka kugombea ubunge Kenya

Kiti cha ubunge kikiachwa wazi nchini Kenya, siku huanza kuhesabiwa papo hapo, hata kabla Spika hajashika kalamu. Ibara ya 101 ya Katiba inampa Spika siku 21 za kuiarifu Tume Huru ya Uchaguzi na Mipaka (IEBC) kwa maandishi, na inataka uchaguzi mdogo ufanyike ndani ya siku 90 tangu kiti kilipokuwa wazi. Hizo 21 zimo ndani ya hizo 90. Spika akitumia muda wake wote na tume ikachukua wiki kadhaa kutoa ratiba katika Gazeti Rasmi la Serikali, mgombea anabaki na muda mfupi sana wa kufanya kazi ambayo katika uchaguzi mkuu hufanywa kwa mwaka mzima.

Wengi ambao majina yao hayafiki kwenye karatasi ya kura hawakukosa watu. Walisubiri tangazo ndipo waanze kutafuta makaratasi. Mwongozo huu ni wa anayetaka kugombea ubunge wa eneo bunge na wale watakaomsaidia: wakala mkuu, wakili, na yule mtu mmoja anayekabidhiwa kazi ya mafaili.

Kiti kiko wazi tangu lini?

Ibara ya 103 inataja njia kiti kinavyoachwa wazi. Mbunge akifariki, akijiuzulu kwa barua kwa Spika, akikosa vikao vinane katika kipindi kimoja cha Bunge bila ruhusa ya maandishi, akihama chama kilichompeleka bungeni, au akichaguliwa kama mgombea huru kisha akajiunga na chama. Pia akipoteza sifa za kuwa mbunge. Ongeza hapo mahakama kubatilisha uchaguzi wake. Chaguzi ndogo za tarehe 27 Novemba 2025 zilibeba karibu kila aina: Malava na Banissa wabunge walikuwa wamefariki, Kasipul mbunge aliuawa kwa risasi Nairobi, Ugunja na Mbeere Kaskazini wabunge waliteuliwa mawaziri, na Magarini mahakama ilibatilisha uchaguzi wa 2022.

Andika tarehe ya kuanzia juu kabisa ya kalenda yako. Kwa kifo ni siku ya kifo. Kwa kujiuzulu, angalia siku barua ilipomfikia Spika, si siku ilipoonekana mitandaoni. Kesi ya uchaguzi ndiyo yenye utata, kwa sababu mbunge aliyeshindwa Mahakama Kuu akikata rufaa, jambo hilo linaweza kwenda hadi Mahakama ya Juu kabla kiti hakijahesabiwa kuwa wazi. Na usidhani aliyebatilishiwa ushindi hatarudi uwanjani. Harry Kombe wa Magarini alibatilishiwa, akagombea tena Novemba 2025, akakirudisha kiti.

Mambo mawili yanaweza kuvuruga hesabu yako. La kwanza: kiti kikiachwa wazi ndani ya miezi mitatu kabla ya uchaguzi mkuu, hakuna uchaguzi mdogo. Uchaguzi mkuu ujao ni Jumanne ya pili ya Agosti, yaani tarehe 10 Agosti 2027, kwa hiyo kiti kitakachoachwa wazi kuanzia karibu tarehe 10 Mei mwaka huo kitangoja. La pili ni tume yenyewe kukosa makamishna. Mbunge wa Banissa alifariki Machi 2023, wakati IEBC ilikuwa haina makamishna tangu Januari. Wapya waliapishwa Julai 2025, na watu wa Banissa wakapiga kura Novemba, miaka miwili na miezi minane baada ya kiti kuwa wazi. Hiyo ni dhuluma kubwa kwa wapiga kura, na haipaswi kutokea tena. Kwako wewe mgombea, panga kana kwamba tume itatimiza siku zake. Ikichelewa, umepata ziada.

Yanayomnasa mtu kabla ya tangazo

Haya matatu hayana dawa yakishapita, kwa hiyo yashughulikie katika wiki ya kwanza.

Mtumishi wa umma. Katika uchaguzi mkuu mtumishi wa umma hutakiwa kujiuzulu miezi sita kabla ya kura. Katika uchaguzi mdogo anapewa siku saba tangu kiti kilipotangazwa kuwa wazi. Siku saba! Mwalimu aliyeajiriwa na serikali, muuguzi wa kaunti, chifu, mhadhiri wa chuo cha umma, wote wamo. Andika barua ya kujiuzulu, ipeleke mwenyewe, na urudi na nakala yenye mhuri wa kupokelewa na tarehe. Barua isiyo na mhuri ni neno lako dhidi ya la mwingine. Diwani wa wadi naye ajue kwamba Ibara ya 99 haimruhusu kugombea ubunge akiwa bado ni mjumbe wa bunge la kaunti.

Mgombea huru. Ibara ya 85 inasema mgombea huru asiwe mwanachama wa chama chochote kilichosajiliwa, na asiwe amekuwa mwanachama kwa angalau miezi mitatu kabla ya tarehe ya uchaguzi. Sasa piga hesabu. Uchaguzi unatakiwa kufanyika ndani ya siku 90. Miezi mitatu kwa kawaida ni siku 90 au zaidi kidogo. Maana yake ni kwamba kama ulikuwa na kadi ya chama siku kiti kilipoachwa wazi, na tume ikafuata ratiba ya Katiba, mlango wa mgombea huru umeshafungwa. Wanasiasa wengi hukimbilia njia hii baada ya kunyimwa tiketi, na hapo ndipo wapinzani wao huwangojea wakiwa na rekodi za uanachama mkononi.

Kwa hiyo angalia rekodi yako kwa Msajili wa Vyama vya Kisiasa kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali, leo hii, hata kama huna nia ya kugombea mwaka huu. Wakenya wengi wamejikuta wameorodheshwa katika vyama wasivyowahi kujiunga navyo. Ukikuta jina lako, jiondoe kwa maandishi, peleka nakala kwa chama na kwa Msajili, na utunze uthibitisho wa tarehe. Njia hii inafaa ikitayarishwa mapema: Msambweni, Desemba 2020, Feisal Bader alishinda kama mgombea huru kwa kura 15,251 dhidi ya 10,444 za mgombea wa chama cha ODM.

Sajili ya wapiga kura. Usajili katika eneo husika husimamishwa tangu kiti kinapotangazwa kuwa wazi hadi siku ya kura. Wafuasi wako ambao hawajajisajili hawatakupigia kura, na waliojisajili kwingine hawawezi kuhamishwa. Kwa hiyo usimwage pesa kuhamasisha watu wajisajili; muda huo umepita. Mgombea mwenyewe lazima awe mpiga kura aliyesajiliwa, na jina lake lionekane. Kibra, 2019, McDonald Mariga alikataliwa kwanza na msimamizi wa uchaguzi kwa sababu jina lake halikupatikana katika sajili. Alikuwa amejisajili wiki chache tu kabla. Ilibidi aende kwa kamati ya mizozo ya IEBC ndipo akaidhinishwa. Alipoteza siku za kampeni akiwa kwenye viti vya kamati.

Tiketi

Kwa chama kikubwa katika ngome yake, kura ya mchujo ndiyo uchaguzi wenyewe. Soma kanuni za uteuzi za chama chako kabla ya kulipa ada, hasa kifungu kinachoruhusu chama kutoa tiketi moja kwa moja bila mchujo, kwa sababu muda wa uchaguzi mdogo hufanya vyama vingi vichague njia hiyo. Ukiona umeonewa, anza na kamati ya chama ya kutatua mizozo, kisha nenda kwa Jopo la Kutatua Mizozo ya Vyama vya Kisiasa. Anayeruka hatua ya kwanza huambiwa arudi nyuma, na siku zinazopotea hapo hazirudi. Peleka malalamiko kwa maandishi siku ileile, pamoja na stakabadhi ya ada uliyolipa.

Faili la uteuzi

Siku ya kuwasilisha karatasi, msimamizi wa uchaguzi hufungua ofisi saa mbili asubuhi na kufunga saa kumi alasiri. Hakubali ahadi. Faili liwe na vitu hivi, kila kimoja na nakala mbili:

- Cheti cha uteuzi cha chama kilichotiwa sahihi na afisa ambaye sahihi yake imewasilishwa kwa tume. Kwa mgombea huru, badala yake ni orodha ya wanaomuunga mkono.
- Kitambulisho au pasipoti ileile uliyojisajili nayo kupiga kura, na nakala yake.
- Hundi ya benki ya shilingi 20,000 kwa jina la tume. Wanawake, vijana na watu wenye ulemavu hulipa nusu, shilingi 10,000. Usibebe pesa taslimu.
- Picha za pasipoti kwa vipimo vilivyotajwa katika ilani ya tume.
- Fomu ya kujitangaza kuhusu maadili iliyoapwa mbele ya kamishna wa viapo, na kanuni za mwenendo wa uchaguzi zilizotiwa sahihi.
- Jina kama unavyotaka lisomeke kwenye karatasi ya kura.

Hilo la mwisho hupuuzwa. Kama kijiji kizima kinakujua kwa jina la utani, hakikisha mapema kama tume itakubali liandikwe na ni ushahidi gani inaouhitaji. Mpiga kura mzee akitafuta jina analolijua na asilione, anaweza kuweka alama kwa mwingine.

Mgombea huru ana mzigo wa ziada. Katiba inataka angalau wapiga kura 1,000 waliosajiliwa katika eneo bunge hilo wamuunge mkono. Kusanya 1,500. Majina huanguka kwa sababu zilezile kila mara: mtu amesajiliwa eneo bunge jirani, tarakimu ya kitambulisho imekosewa, mtu mmoja ametia sahihi mara mbili kwa majina yaliyopangwa tofauti, au sahihi kumi mfululizo ni za mkono mmoja. Mpe kijana mmoja kazi ya kuingiza majina katika faili la Excel kila jioni, kwa sababu tume hutaka orodha kwa karatasi na kwa kompyuta, na mwingine akague nambari moja baada ya nyingine. Alama ya mgombea huru nayo huwasilishwa kwa tume angalau siku 21 kabla ya siku ya uteuzi. Chagua alama inayoonekana hata ikichapwa ndogo. Kiti au taa huonekana, ila mchoro wenye mistari mingi hugeuka kuwa doa.

Omba kukaguliwa mapema. Wasimamizi wengi hukubali kuangalia faili siku moja au mbili kabla, na hapo bado una muda wa kurekebisha. Ukikataliwa siku yenyewe, dai sababu kwa maandishi kabla ya kuondoka, kisha peleka malalamiko kwa Kamati ya Kutatua Mizozo ya IEBC. Sheria inaipa kamati siku kumi kuamua. Upeleke vielelezo vyote mara moja, maana huna nafasi ya kurudi na karatasi uliyoisahau.

Kampeni

Katika uchaguzi mdogo watu wachache ndio hupiga kura. Kibra, Novemba 2019, kati ya wapiga kura zaidi ya 118,000 waliosajiliwa, walijitokeza takriban 42,000, na Imran Okoth akashinda kwa 24,636. Mshindi alihitaji mmoja tu kati ya kila watano walio kwenye sajili. Hakuna kura ya urais ya kuwavuta watu, na siku ya kura mara nyingi ni ya kazi: Kibra 2019, Kiambaa 2021 na zile za Novemba 2025 zote ziliangukia Alhamisi. Mkutano mkubwa uwanjani unapendeza kwenye picha, lakini kazi inayoleta kura ni orodha ya majina, kituo kwa kituo, ya watu wako na namna kila mmoja atakavyofika.

Gawanya orodha hiyo kwa wadi, kisha kwa kituo, kisha kwa kijiji. Kila kijiji kiwe na mtu mmoja anayewajua wenyeji kwa majina, wala asipewe watu zaidi ya hamsini. Aandike nani yuko nyumbani, nani anafanya kazi Nairobi au Mombasa na atarudi lini, nani amelazwa, nani kitambulisho chake kimepotea. Anayepoteza kitambulisho wiki mbili kabla ya kura ni kura iliyopotea usipomsaidia mapema, kwa sababu kituoni hutakiwa kitambulisho au pasipoti aliyosajiliwa nayo.

Kampeni huruhusiwa kati ya saa moja asubuhi na saa kumi na mbili jioni, na hukoma saa 48 kabla ya siku ya kura. Kwa uchaguzi wa 27 Novemba 2025 ilikoma tarehe 24. Msimamizi wa uchaguzi huwaita wagombea kupatanisha ratiba za mikutano. Hudhuria mwenyewe au mtume mtu mwenye mamlaka ya kuamua, kwa sababu aliyekosa hupewa uwanja uliobaki. Polisi nao wanatakiwa kuarifiwa kuhusu mkutano wa hadhara si chini ya siku tatu na si zaidi ya siku 14 kabla.

Wafuasi wakizua fujo, mgombea ndiye hulipa. Kasipul, Novemba 2025, kamati ya IEBC ya kusimamia kanuni za mwenendo iliwatoza wagombea wawili faini ya shilingi milioni moja kila mmoja baada ya makundi yao kupambana na watu kupoteza maisha. Vijana wa ulinzi wasio na kiongozi anayejulikana ni hatari kwa wananchi kwanza, kisha kwa mgombea. Mtu mmoja mwenye jina awajibike kwa kila msafara, na misafara miwili isipite barabara moja saa moja.

Kuhusu kugawa pesa na unga: kununua kura ni kosa chini ya Sheria ya Makosa ya Uchaguzi ya 2016, lenye faini ya hadi shilingi milioni mbili au kifungo cha hadi miaka sita, au vyote viwili. Kila mtu ana simu yenye kamera, na video ya mgao huwa kielelezo cha kwanza katika kesi.

Mawakala

Mgombea akibakiwa na pesa kidogo, azitumie kwa mawakala, yaani watu wanaomwakilisha ndani ya vituo vya kura. Kiambaa, Julai 2021, tofauti ilikuwa kura 510: 21,773 kwa 21,263. Mbeere Kaskazini, 2025, tofauti haikufika 500. Chukua eneo bunge lenye vituo 150: pengo la kura 510 ni kura tatu na kidogo kwa kila kituo. Hizo ni kura ambazo wakala aliyesinzia anaweza kuziacha zikataliwe bila kusema neno.

Kosa linalorudiwa ni kuhesabu shule badala ya vituo. Sheria inataka kituo kimoja kisizidi wapiga kura 700. Shule ya msingi yenye wapiga kura 1,900 ina vituo vitatu, vyumba vitatu, masanduku matatu na Fomu 35A tatu, yaani fomu za matokeo ya kila kituo. Inahitaji mawakala watatu, na wa akiba mmoja wa kupokezana nao. Chukua orodha rasmi ya vituo kutoka kwa msimamizi wa uchaguzi, si ile ya 2022 iliyo kwenye simu ya mtu.

Chagua mawakala wanaosoma haraka na wasioogopa kuinua mkono. Wafunze kwa kuwapa Fomu 35A tupu waijaze. Kila mmoja awe na kitambulisho, barua ya uteuzi, kiapo cha siri kilichotiwa sahihi, beji, kalamu mbili, daftari, tochi, chakula na maji. Chakula si jambo dogo. Wakala mwenye njaa saa mbili usiku hutoka kutafuta chai, na hesabu hufanywa bila yeye.

Siku ya kura

Vituo hufunguliwa saa kumi na mbili asubuhi. Wakala awe mlangoni saa kumi na moja alfajiri, kwa sababu yaliyo muhimu hutokea kabla mpiga kura wa kwanza hajaingia. Sanduku huonyeshwa likiwa tupu kisha hufungwa kwa mihuri ya plastiki yenye nambari. Andika nambari zote. Andika nambari ya kwanza na ya mwisho ya vitabu vya karatasi za kura. Za ubunge wa eneo bunge ni za kijani. Hakikisha kifaa cha KIEMS, kile cha kutambua wapiga kura, kinaonyesha sifuri. Yote haya huingia pia katika kitabu cha kumbukumbu cha kituo, ambacho mawakala hutia sahihi. Daftari lako na kitabu hicho visipotofautiana asubuhi, ukiona muhuri mwingine jioni una la kusema.

Mpiga kura hutambuliwa kwa alama ya kidole. Kidole kikikataa, kama ilivyo kwa wakulima na mafundi wengi ambao vidole vimechakaa, karani hutafuta jina kwa nambari ya kitambulisho na Fomu 32A hujazwa. Hii ni halali. Kazi yako ni kuhesabu fomu hizo: chache ni kawaida, na zikiwa nyingi kuliko vituo jirani, uliza sababu na uandike jibu. Anayehitaji msaada anaweza kuja na mtu wake, na mtu huyo husaidia mpiga kura mmoja tu. Asipokuwa na mtu, msimamizi wa kituo humsaidia mbele ya mawakala.

Saa kumi na moja jioni mlango hufungwa, lakini aliye kwenye foleni wakati huo ana haki ya kupiga kura. Wakala asimame mwisho wa foleni aone aliye wa mwisho.

Kuhesabu na Fomu 35A

Kura huhesabiwa palepale kituoni. Msimamizi wa kituo hufungua kila karatasi, husoma jina na kuionyesha kwa mawakala. Usikubali kusomewa bila kuonyeshwa. Karatasi hukataliwa ikiwa haina alama za usalama za tume, imewekewa alama kwa zaidi ya mgombea mmoja, ina maandishi yanayomtambulisha mpiga kura, au haina alama inayoonyesha nia. Alama ya vema iliyogusa mstari wa kisanduku bado inaonyesha nia ya mpiga kura. Itetee, iwe yako au ya mpinzani, maana kituo kinachofuata itakuwa zamu yako. Pingamizi husemwa papo hapo, na msimamizi huliandika. Lililonenwa kesho yake halimo popote.

Usiporidhika, omba kura zihesabiwe tena. Kanuni zinaruhusu kurudia mara mbili, si zaidi, kwa hiyo usiitumie nafasi ya kwanza kwa hasira.

Kisha Fomu 35A hujazwa. Piga hesabu kabla ya kutia sahihi. Kwa mfano, kituo kina wapiga kura 612 waliosajiliwa, na kifaa kinaonyesha waliotambuliwa ni 231. Kura halali zikiwa 226 na zilizokataliwa 3, jumla ni 229. Pengine watu wawili waliondoka na karatasi zao, na msimamizi aeleze. Jumla ikiwa 236, simama hapo hapo, kwa sababu sanduku haliwezi kuwa na kura nyingi kuliko watu waliotambuliwa. Kanuni zinamtaka msimamizi wa uchaguzi aache matokeo ya kituo ambacho kura zimezidi waliojitokeza. Angalia pia kura za kila mgombea zikijumlishwa zinatoa hiyo 226. Makosa mengi si wizi, ni uchovu wa usiku: tarakimu mbili zimepinduliwa, 61 ikawa 16, au kura za mstari mmoja zikaandikwa mstari wa chini. Lakini mgombea aliyepoteza 45 kwa uchovu amezipoteza vilevile.

Fomu ikiwa na kasoro, usiondoke bila kutia sahihi halafu ukadhani umeipinga. Kukosa sahihi ya wakala peke yake hakubatilishi matokeo. Andika sababu zako kwenye nafasi ya maelezo, kisha uchukue nakala yako. Kila wakala ana haki ya nakala, na nyingine hubandikwa mlangoni. Piga picha ya iliyobandikwa, herufi zote zikisomeka, uitume kwa timu ya kujumlisha kabla hujakaa kwenye boda boda.

Katika kituo cha kujumlisha, msimamizi wa uchaguzi huhamisha takwimu za kila 35A hadi Fomu 35B. Timu yako iwe na jedwali lake lililojazwa kutoka kwa picha za mawakala, na mtu mmoja asome kwa sauti huku mwingine akilinganisha kila mstari. Tofauti hutokea katika kuhamisha. Ioneshe kabla ya tangazo, kwa sababu baada ya mshindi kutangazwa msimamizi hana tena mamlaka ya kubadili, na kilichobaki ni mahakama.

Siku 28 baada ya hapo

Kesi ya kupinga matokeo hufunguliwa Mahakama Kuu ndani ya siku 28 tangu matokeo yalipotangazwa. Siku hizo huanza pale msimamizi wa uchaguzi anapomtangaza mshindi na kumpa cheti, si pale jina linapochapishwa katika Gazeti Rasmi. Mahakama ya Juu iliamua hivyo mwaka 2014 katika kesi ya Hassan Joho na Suleiman Shahbal kuhusu ugavana wa Mombasa. Anayengoja gazeti huchelewa.

Ukishafungua kesi, una siku 15 za kuwafikishia washtakiwa nakala, mkononi au kwa tangazo katika gazeti linalosomwa nchi nzima, na siku kumi za kuweka dhamana ya gharama ya shilingi 500,000. Mahakama Kuu ina miezi sita ya kuamua. Rufaa hupelekwa ndani ya siku 30, kwa hoja za sheria tu, na Mahakama ya Rufaa nayo ina miezi sita. Ukikosa dhamana, kesi inaweza kutupwa kabla haijasikilizwa, kwa hiyo pesa hiyo itengwe tangu bajeti ya kwanza.

Mshindi huapishwa bungeni na hutumikia muda uliobaki wa muhula, si miaka mitano mipya. Yeye pia azitunze Fomu 35A zake zote, zilizopangwa kwa wadi na kwa kituo, hadi siku hizo 28 ziishe na, kesi ikifunguliwa, hadi rufaa ya mwisho iamuliwe.